Ruta Niliyoifuta Iliendelea Kunijibu

Jumamosi moja, saa tano asubuhi, niliifuta ruta. Sikuizima tu. Niliifuta kabisa, ikatoweka kwenye skrini.

Halafu nikaiita kwa anwani yake. Kwetu sisi mafundi, kuita ruta, yaani kifaa kinachoongoza njia za mtandao, ni kuitumia ujumbe mfupi wa kuuliza kama ipo. Ikiwa hai inajibu, ikiwa haipo unapata kimya.

Ikajibu.

Nikaita tena. Ikajibu tena, tena haraka kuliko ilipokuwa hai.

Nikatoa mikono kwenye kibodi. Mke wangu alikuwa anakunja nguo kitandani, akaniuliza, "Vipi, umeona nini?"

Nilikuwa nimeanza kuelewa. Siku kumi na moja kabla ya hapo, dada yangu alikuwa amesimamishwa kazi. Na ripoti iliyotumika kumsimamisha niliiandika mimi, kwa mkono huu huu.

Ngoja nianze mwanzo, maana nikiruka mtaniona nimerogwa.

Mimi ni fundi wa mitandao ya kompyuta. Kampuni yetu inahudumia ofisi kadhaa na hospitali moja kubwa. Kazini wananiita Fundi Waya. Navuta kebo, nabadilisha swichi, vile viboksi vya kugawia mtandao, napanda darini, na intaneti ikikata natukanwa mimi hata kama aliyekata kebo ni mtu na sururu yake huko barabarani.

Wakati huo nilikuwa najiandaa na mtihani wa ufundi wa daraja la juu. Mtihani wenyewe si wa kitoto. Unakabidhiwa ruta nane, kumi, kumi na mbili, zote zimevurugwa, uzirudishe kwenye mstari ndani ya muda.

Sasa jamani, nani nyumbani kwake ana ruta kumi na mbili?

Ndiyo maana watu tunatumia maabara za kuigiza. Unaweka programu kwenye laptopu, ndani yake unapakia imeji, yaani programu nzima ya ruta imefungwa kwenye faili moja. Ukiiwasha, laptopu inajifanya ruta. Ukiiwasha mara kumi, una ruta kumi, unaziunganisha kwa nyaya za kuchora kwenye skrini. Zinafanya kazi kama za kweli, ila hakuna hata moja unayoweza kuishika.

Shida yangu ilikuwa laptopu. Kizee. Kumbukumbu giga nne, betri ilishakufa, na kitufe cha herufi e kilikuwa hakikubali mpaka ukibonyeze kwa hasira.

Nikipakia zile imeji kubwa kubwa, mbili tu zikiwaka, feni inapiga kelele, skrini inaganda, na mimi naganda nayo. Kuna siku nilisubiri ruta moja iwake kwa dakika ishirini na mbili. Mke wangu alipika, tukala, akaosha vyombo, ruta bado inawaka.

Nilitaka kuitupa dirishani. Haki ya Mungu, niliinyanyua kabisa.

Ndipo mwenzangu mmoja wa kazini akanionyesha imeji nyepesi. Faili dogo, kumbukumbu inayokula ni kiduchu, inawaka kabla hujameza mate. Nikawasha nane kwa pamoja na ile laptopu yangu haikulalamika. Nilishangilia peke yangu chumbani.

Ila zilikuja tupu tupu. Vifurushi fulani vya mazoezi, yaani programu ndogo za ziada, ilibidi zivipakue zenyewe kutoka intaneti, na ruta iliyo ndani ya laptopu haijui njia ya kutoka nje mpaka uitengenezee. Nikaitengenezea daraja. Ruta ya kwanza ya maabara yangu nikaiunganisha na tundu la kebo la laptopu. Ikatoka nje, ikapakua inachotaka, mambo yakawa safi, nikaendelea na mazoezi.

Pa kufanyia mazoezi sasa. Nyumbani umeme ulikuwa wa kubahatisha, na laptopu bila betri umeme ukiyumba tu, saa mbili za kazi zimekwenda na maji.

Hapo ndipo dada yangu alipoingia.

Dada ndiye mkubwa wetu. Mimi ni kitinda mimba, amenibeba mgongoni. Alikuwa mkuu wa dirisha la usajili pale pale hospitalini, miaka kumi na minane. Watu wote walimwita Mama Faili. Kabla kompyuta hazijaja, ulikuwa ukimtajia jina tu anakwenda rafu ya nne, anaingiza mkono, anatoka na faili lako, na kukuuliza mguu unaendeleaje.

Nyuma ya dirisha lake kulikuwa na stoo ya mafaili ya zamani. Meza moja, kiti kimoja kibovu, umeme usiokatika kwa sababu ya jenereta, na tundu la mtandao ukutani.

"Njoo ukae humu, mdogo wangu," aliniambia. "Usinisumbulie watu tu."

Zamu zake zilikuwa asubuhi, Jumatatu, Jumatano na Ijumaa. Bosi wangu hakuwa na neno, hospitali ni wateja wetu, alijua nikiitwa nipo karibu. Basi siku hizo nikawa nafika saa moja, nachomeka umeme, nachomeka kebo ukutani, nawasha ruta zangu nane, nasoma mpaka saa nne.

Wiki ile ile ya kwanza, balaa likaanza.

"Mtandao umekata!"

Sauti ya karani wa dirisha la kwanza. Nikainuka, nikachomoa laptopu yangu, nikaitia kwapani, huyo mpaka dirishani. Kufika tu, karani ananiambia, "Aa, Fundi, umerudi."

Nikapima. Kila kitu sawa. Nikarudi stoo, nikachomeka, nikaendelea na somo.

Nusu saa haijaisha. "Mtandao umekata!"

Nikabeba laptopu, nikaenda. Nikifika, umerudi.

Yaani hapo nilianza kuona kama nafanyiwa makusudi. Ukiwa fundi, hakuna kitu kinachoudhi kama tatizo linalojificha ukilifuata. Bora kifaa kiungue kitoe moshi, utajua cha kutupa.

Ikawa ndiyo maisha. Mara tatu, mara nne kwa asubuhi. Nilibadilisha kebo zote za madirisha. Nilibadilisha swichi. Nilipanda darini nikakuta mjusi mkavu na buibui wa kutosha, nikashuka na vumbi mpaka ndani ya masikio. Niliwapigia simu watu wa intaneti, tukagombana, nikawakatia. Wakanipigia wao, tukagombana tena.

Huku foleni inajaa. Mama mmoja mtoto wake alikuwa anachemka mgongoni, kadi yake haisomeki, akasimama saa nzima. Akaniangalia nimeshika koleo na kebo, akasema, "Baba, si muandike tu kwenye karatasi?"

Nikamjibu vibaya. Hilo najuta mpaka leo.

Siku ya tano au ya sita ya vurugu hiyo, uvumilivu ukaniisha. Nikamgeukia dada mbele ya makarani wake na wagonjwa.

"Dada, umebonyeza nini?"

"Sijabonyeza kitu."

"Lazima kuna kitu umebonyeza! Mbona kompyuta yako ndiyo ya kwanza kukata?"

"Mdogo wangu, punguza sauti."

"Nipunguze nini? Kama kompyuta zinawashinda semeni!"

Akavuta daftari lake, akaanza kuandikisha watu kwa kalamu. Mimi nikaondoka na laptopu yangu kwapani, nimevimba kichwa, najiona ndiye ninayeonewa.

Sasa kulikuwa na Katibu wa hospitali. Mtu wa tai na faili, kila sentensi yake ina neno kanuni, mpaka wafanyakazi wakambatiza Bwana Kanuni. Akaniita ofisini.

"Fundi, kwa mujibu wa kumbukumbu zangu, mtandao unakata Jumatatu, Jumatano na Ijumaa, asubuhi tu. Jumanne haukati. Alhamisi haukati. Nani yuko zamu siku hizo?"

Nikasema, "Mama Faili."

"Na nani alisimama kwenye kikao cha kuzindua kompyuta, mbele ya wageni, akasema karatasi haijawahi kukata?"

Hilo kweli alilisema. Siku ile watu wote walicheka, hata wageni. Sasa likawa linatajwa kwa sauti nyingine kabisa.

"Nataka ripoti ya maandishi," akasema. "Kanuni inataka ripoti ya mtaalamu."

Nilikwenda kukaa na karatasi ile. Ukweli wa Mungu, sikuwa najua tatizo ni nini. Wiki tatu zimepita, fundi mzima, najiandaa na daraja la juu, na sijui. Neno sijui likanishinda kuandika. Niliona wataniona bure kabisa.

Nikaandika hivi: Vifaa vyote vya mtandao vimekaguliwa na viko sawa. Chanzo kinachowezekana ni matumizi ya kompyuta katika dirisha la usajili.

Nikatia sahihi. Nikaona nimeandika kitaalamu.

Siku nne baadaye dada akapewa barua. Asimame kazi mpaka kamati ikae, tuhuma ni kuhujumu mfumo wa hospitali. Kwenye barua ile, maneno yangu yalinukuliwa yote, na cheo changu chini.

Nilimkuta anakusanya vitu vyake, sweta, kikombe, miwani ya kusomea. Nikaanza kujiumauma. "Dada, mimi sikumaanisha hivi, mimi niliandika tu..."

"Kasome," akanikata. "Mtihani usije ukakupita." Akatia kikombe kwenye mfuko, akatoka.

Hakulia. Afadhali angelia, au angenitukana.

Aliyeshika nafasi yake alikuwa mtu wa taratibu. Siku ya kwanza tu akafunga stoo na funguo akaondoka nazo. Mimi nikahamishia masomo nyumbani, nikivizia siku ambazo umeme umetulia.

Na mtandao wa hospitali ukapona.

Siku ya kwanza haukukata. Siku ya tatu haukukata. Wiki ikapita. Bwana Kanuni akanikuta kwenye korido, amechanua. "Unaona, Fundi? Tangu ametoka, shwari."

Na hapa niseme kitu cha aibu. Nilianza kuamini. Nilikaa nikajiambia, labda kweli dada alikuwa anazichezea zile kompyuta. Dada aliyenifundisha kufunga kamba za viatu. Nikawa hata simu yake nikiiona naiacha iite.

Sasa tuje kwenye ile Jumamosi.

Nilikuwa nimechomeka laptopu kwenye kile kiboksi chetu cha intaneti nyumbani. Mke wangu anaongea na mama yake kwa simu ya video. Ikakata. Akapiga tena. Ikakata.

"Wewe," akaniambia. "Kila ukiwasha hayo maruta yako, simu yangu inakata."

"Hakuna uhusiano. Hizi ziko ndani ya laptopu, hazitoki."

"Mimi sijui ziko wapi. Najua ukiwasha inakata."

"Nakwambia hakuna uhusiano! Mimi ndiye fundi au wewe?"

"Basi zima tuone, fundi."

Kwa hasira, ili nimwonyeshe kwamba hajui anachosema, nikaifuta ruta ya kwanza. Simu yake ikaita saa ile ile, mama mkwe huyo kwenye kioo, anacheka. Nikakasirika zaidi. Nikaiita ile anwani ya ruta niliyoifuta, 192.168.1.1, nimalize ubishi.

Ndipo ikanijibu.

Nawaeleza kwa lugha nyepesi. Zile imeji nyepesi zinatoka kwa mtengenezaji zimeshapewa anwani hiyo. Viboksi vingi vya intaneti navyo vinatoka kiwandani na anwani hiyo hiyo. Ukizitenganisha hazina ugomvi. Ila mimi nilikuwa na daraja, lile la kupakulia vifurushi, ambalo sikulivunja. Kwa hiyo ruta yangu ya kuigiza ilikuwa inatoka kwenye laptopu na kuingia kwenye mtandao wa kweli, na kutangaza kwamba mlango wa kutokea ni yeye. Kompyuta au simu ikiuliza niende wapi, majibu yanakuja mawili. Ikifuata jibu la kweli, inafika. Ikifuata la kwangu, inaingia ndani ya laptopu ya giga nne na kupotelea humo.

Niliyoifuta ilikuwa ya kuigiza. Kilichonijibu kilikuwa kiboksi cha kweli, pale mezani, taa zinawaka kijani.

Nikakumbuka hospitali. Ruta ya hospitali niliifunga mimi mwenyewe miaka mitatu iliyopita. Anwani ya kiwandani sikuibadilisha. Nilijiambia nitabadilisha kesho.

Halafu kila kitu kikaanza kujipanga foleni kichwani mwangu. Jumatatu, Jumatano, Ijumaa, siku zangu za stoo. Asubuhi tu, saa zangu za kusoma. Kompyuta ya dada kukata kwanza, kwa sababu dirisha lake na stoo viko kwenye swichi moja. Na mtandao kurudi kila nikifika, kwa sababu nilikuwa nafika nimechomoa laptopu, mwizi nimembeba kwapani, namtafuta mwizi.

Nilipiga meza mpaka kikombe kikaanguka. Mke wangu akadhani nimepatwa na wazimu.

"Ni mimi," nikamwambia. "Ni mimi, ni mimi."

Jumatatu nilimfuata bosi wangu kwanza. Akanisikiliza, akafunga mlango.

"Umeshaacha kuchomeka?"

"Ndiyo."

"Basi imeisha. Ukifungua mdomo, kampuni inatolewa pale, na wewe unakwenda nayo. Dadako watamtafutia idara nyingine tu. Nyamaza."

Nakiri, nilinyamaza mpaka mchana. Saa nane nikajikuta mlangoni kwa Bwana Kanuni.

Nikamweleza yote. Alinisikiliza ameweka kalamu chini, halafu akatabasamu kwa huruma, ile huruma ya kukera.

"Fundi, nimeelewa. Damu ni damu. Ningekuwa wewe na mimi ningejaribu."

"Mzee, sijaribu! Ni laptopu yangu!"

Akafungua faili, akanigeuzia ripoti yangu. "Hii sahihi ya nani? Ulipoandika hivi hukuwa ndugu yake? Siku kumi na tatu mtandao haujakata, na aliyeondoka ni yeye."

Na mimi niliyeacha kuchomeka, nikawa nimempa ushahidi. Kila siku niliyokaa kimya bila laptopu hospitalini, mtandao ulizidi kuwa shwari, na dada alizidi kuwa na hatia. Nilitaka kulia kwa hasira.

"Basi nipeni nafasi mbele ya kamati," nikasema. "Niwakatie mtandao mkiwa mmekaa."

Kamati ilikaa Alhamisi, saa saba mchana, foleni ikiwa fupi. Mle ndani walikuwa watano, Bwana Kanuni akiwa mwenyekiti, na Matroni, mkuu wa wauguzi, mama mmoja mnene wa sauti nzito ambaye hospitali nzima ilikuwa inamwogopa. Dada alikaa mwisho wa meza, mikono juu ya mapaja. Hakuniangalia.

Nikachomeka laptopu ukutani. Nikawasha maabara. Ruta nane zikawaka, nyepesi, bila kelele.

"Subirini," nikasema. "Sasa hivi itakata."

Dakika moja. Kimya.

Dakika tatu. Bwana Kanuni akaangalia saa yake. Mmoja akakohoa.

Kumbe nilisahau kwamba kompyuta hukumbuka jibu la mwisho kwa muda kidogo kabla ya kuuliza tena. Nikajaribu kuwaeleza, nikawa najikanyaga. "Ni kwamba, kwanza inakumbuka, halafu, yaani..."

"Fundi," Bwana Kanuni akasema, "kanuni za kikao haziruhusu..."

"Subirini!"

Miaka yote ya kazi yangu namwomba Mungu mtandao usikate. Siku ile nilikuwa nimefumba macho, namwomba ukate. Ruta zile zilizonitesa mwezi mzima bila kuitwa, leo nimeziita mbele ya watu, zimetulia. Niliziangalia kwenye skrini, nikatamani kuzitandika makofi.

Dakika ya sita, mtu akagonga mlango. Karani wa dirisha la kwanza, anahema.

"Samahani wakubwa. Mtandao umekata."

Nikachomoa kebo. "Rudi dirishani," nikamwambia. "Mtandao ukirudi, njoo utuambie."

Akaenda. Akarudi mbio. "Umerudi."

Matroni akaegemea mbele. "Chomeka tena."

Nikachomeka. Tukasubiri, safari hii hakuna aliyekohoa. Ukakata. Nikachomoa, ukarudi. Mara ya tatu Bwana Kanuni mwenyewe alikwenda kusimama dirishani na simu sikioni, na niliisikia sauti yake kwenye simu ya Matroni ikisema, taratibu kabisa, "Umekata."

Matroni akainyooshea kidole laptopu yangu. "Toa hicho kitu humu ndani. Na usije ukakichomeka tena kwenye jengo hili mpaka nife."

Dada alirudishiwa kazi siku ile ile, na barua ya kumwomba radhi. Mimi kampuni ilinitoa hospitalini, ikanihamishia kwenye kuchimba mitaro ya kebo, na kibali cha mtihani ikakizuia mwaka mzima. Sina kinyongo. Nilistahili zaidi.

Siku yake ya kwanza kurudi nilimsubiri nje getini. Akatoka na mkoba wake. Nikaanza maneno niliyokuwa nimeyapanga wiki nzima.

"Dada, nisamehe. Sikujua kama ni mimi."

"Mimi nilijua," akasema.

Nikasimama.

Akafungua mkoba, akatoa lile daftari alilokuwa anaandikishia watu mtandao ukikata. Kila siku aliandika saa ya kukata na saa ya kurudi. Pembeni ya kila saa kulikuwa na alama ndogo ya kalamu nyekundu.

"Hiyo ni wewe," akasema. "Hiyo umeingia stoo. Hiyo umetoka. Wiki ya tatu nikawa na uhakika. Siijui hiyo mitambo yako, lakini kuhesabu najua."

Damu ikanipanda. Nikampigia kelele dada yangu pale pale barabarani. "Sasa mbona hukusema? Miaka kumi na minane ya kazi, unanyamaza? Kwa nini?"

"Ningesema wangekufukuza, na ulikuwa na mtihani. Mimi nilidhani hawatanigusa. Nikasema nikusubiri, utaona mwenyewe. Wewe si ndiye fundi?"

Nikalitazama lile daftari mkononi mwake.

Akalirudisha daftari kwenye mkoba, akafunga zipu. "Nilijua hujui," akasema. "Hilo lilikuwa halinisumbui. Lakini sikutegemea kwamba hujui, halafu utaandika ni mimi."

Akaniaga vizuri tu, akaenda zake. Tunaongea, tunatembeleana, watoto wanalala huku na huku. Ila sentensi ile haijanitoka, na sidhani kama itanitoka.

Basi wenzangu mnaofanya mazoezi na ruta za kuigiza, imeji ziwe nyepesi zisiwe nyepesi, maabara yenu iwe kisiwa. Vunja daraja kabla hujachomeka kebo kwenye mtandao wa watu, na anwani ya kiwandani ibadilishe leo. Hiyo kesho yangu ilichukua miaka mitatu.

Na wewe ambaye hata ruta huijui, lako ni hili. Siku ukiombwa uandike chanzo cha tatizo na hukijui, andika hukijui, utie sahihi, uvumilie kuonekana bure. Mimi ningeonekana bure kwa wiki moja tu. Badala yake niliandika kitaalamu, na aliyekusanya vitu vyake akatoka mlangoni alikuwa dada yangu.